Kipande cha sita: mafaili yaliyokatwa vipande, na picha za mikoko ya Kilwa tulizozipoteza

Mwezi Mei 2024 mwenzetu mmoja wa shahada ya uzamili alikuwa Kilwa Masoko akiwa na picha 3,400 za mikoko, zote zimepigwa na droni mwezi Aprili, siku za maji ya bamvua, wakati bahari imetoka kabisa na mizizi inaonekana. Jumla ya picha hizo ilikuwa kama GB 30. Mpango ulikuwa azitume Dar es Salaam taratibu kwa intaneti, usiku, kwa bando la bei nafuu.

Mpango ukaharibika. Jumamosi ya Mei 4 kimbunga Hidaya kikafika eneo la Mafia kikiwa kinapungua nguvu, lakini mvua zake zikaikata barabara ya Dar es Salaam kwenda Lindi sehemu kadhaa ndani ya wilaya ya Kilwa. Mabasi yakalala njiani. Wiki moja baadaye, Jumapili ya Mei 12, nyaya za baharini za EASSy na Seacom zikapata hitilafu huko kusini, kati ya Msumbiji na Afrika Kusini, na intaneti ikawa ya kusuasua karibu nchi nzima. Kwa hiyo jamaa yetu akawa na data, hana njia.

Akafanya kile ambacho wengi wetu tungefanya. Akazibana picha zote kwenye faili moja la RAR, akalikata vipande vinane, akavigawa kwenye flashi tatu, na barabara ilipopitika akazikabidhi kwa kondakta wa basi ndani ya bahasha ya kaki. Halafu akaifuta memori kadi ya droni, kwa sababu aliihitaji kupiga picha za mikoko ileile baada ya kimbunga.

Hapo ndipo hadithi inapouma. Picha za "baada" unaweza kuzirudia kesho. Picha za "kabla" huwezi kuzirudia kamwe. Na kipande cha sita kilifika kikiwa kimeharibika.

Makala hii ni kwa ajili yako ambaye umewahi kupakua kitu ukaletewa mafaili yenye mikia ya ajabu, part1, part2, z01, 001, ukabofya moja likagoma. Pia ni kwa ajili yako ambaye kesho utatuma data za utafiti, picha za harusi au nyaraka za ofisi kwa mtindo huohuo. Ukielewa kinachoendelea ndani, makosa mengi huyafanyi tena.

Kwanza, kubana ni nini

Tuchukue jedwali la hali ya hewa lenye safu ya kituo. Neno "Kilwa Masoko" limeandikwa mstari kwa mstari, mara 900. Wewe ukimsomea mtu kwa simu hutarudia mara 900. Utasema "Kilwa Masoko, mara 900, endelea". Programu za kubana zinafanya hivyo hivyo. Mwaka 1977 Jacob Ziv na Abraham Lempel walieleza njia ya kutafuta sehemu zilizojirudia na kuziwekea kidokezo kifupi: rudi nyuma hatua kadhaa, nakili herufi kadhaa. Kabla yao, mwaka 1952, David Huffman alishaonyesha jinsi ya kuzipa alama zinazotokea mara nyingi msimbo mfupi, na zile adimu msimbo mrefu. Zipu, RAR na 7z zimejengwa juu ya mawazo ya ukoo huo.

Sasa jambo ambalo wengi hawaambiwi: picha za JPEG, video za MP4 na nyimbo za MP3 tayari zimebanwa. Ukiziweka kwenye zipu hupati nafuu ya maana. Zile GB 30 za mikoko zilibaki GB 30 na ushee kidogo. Faida aliyoipata rafiki yetu ilikuwa mbili tu: picha 3,400 zimekuwa mzigo mmoja, na mzigo huo unakatika.

Kwa nini ukate?

Kwa sababu kila njia ina mlango wake. Barua pepe nyingi zinakataa kiambatisho kinachozidi MB 25 hivi. WhatsApp inakubali faili la hadi GB 2. Na flashi nyingi za madukani zimeandaliwa kwa mfumo wa FAT32, ambao haupokei faili moja linalofika GB 4, hata kama flashi ina nafasi tele. Ukiona kompyuta inasema faili ni kubwa mno kwa diski wakati nafasi ipo, usimlaumu aliyekuuzia flashi. Tatizo ni FAT32.

Ndiyo maana vipande vyake vilikuwa vya GB 3.9 kila kimoja. Na flashi ya "GB 16" haikuingiza vinne, ni vitatu tu, maana GB 16 za kwenye kava kompyuta inazihesabu kama 14.9. Basi: flashi ya kwanza part1 mpaka part3, ya pili part4 mpaka part6, ya tatu viwili vilivyobaki.

Mzigo uliotoka Tendaguru

Watu wa mkoa wa Lindi hawahitaji mfano wa kigeni kuelewa jambo hili. Kati ya mwaka 1909 na 1913 Wajerumani walichimba mifupa ya dinosaria kwenye kilima cha Tendaguru, kaskazini magharibi mwa mji wa Lindi. Waliosimamia msafara ni Werner Janensch na Edwin Hennig, lakini kazi yenyewe ilifanywa na mamia ya watu wa kwetu, na msimamizi wao mkuu alikuwa Boheti bin Amrani. Mifupa mingine ilikuwa mirefu kuliko mtu. Hakukuwa na reli, na kwa sababu ya mbung'o punda na ng'ombe wa kuvuta mizigo hawakufaa. Njia ilikuwa moja: mabega na vichwa vya wapagazi, safari ya siku kadhaa kwa miguu mpaka bandari ya Lindi.

Kwa hiyo mfupa ulifungwa vipande vipande kwa ukubwa ambao mtu anaweza kuubeba. Vingine vilikingwa kwa plasta, vingine kwa udongo na mianzi. Kila kipande kikaandikwa alama: kimetoka shimo lipi, ni mfupa upi. Zaidi ya tani 200 zikaenda hivyo hadi Berlin, ambako mifupa iliunganishwa upya. Ile mifupa mikubwa kuliko yote, ambayo leo inaitwa Giraffatitan, ilisimamishwa kwenye jumba la makumbusho mwaka 1937, na leo ina kimo cha zaidi ya mita 13. (Kama mifupa hiyo ilipaswa kubaki huku au la ni mjadala mwingine, na ni mjadala wa haki. Tutauandikia siku yake.)

Angalia walichohitaji ili mzigo ule uungane tena. Vipande vyote vifike. Kila kimoja kiwe na alama isiyofutika. Mtu wa upande wa pili ajue mpangilio. Na kila kipande kiwe kizima, hakijapondeka njiani. Faili lililokatwa linahitaji mambo hayohayo, na likikosa mojawapo linagoma. Tofauti ni moja: fundi wa mifupa anaweza kuziba pengo kwa mfupa wa mnyama mwingine wa jamii ileile, na ule wa Berlin kweli umeunganishwa kutoka kwa wanyama zaidi ya mmoja. Kompyuta haikubali. Ukichukua part3 kutoka kwenye seti nyingine, hata kama jina linafanana kabisa, haitaungana.

Majina ni alama za kwenye mzigo

Kila aina ya faili ina utaratibu wake wa kuandika alama, na hapa ndipo watu wengi wanapopotea.

RAR za siku hizi zinaandikwa mikoko.part1.rar, mikoko.part2.rar na kuendelea. Za zamani zinaanza na mikoko.rar halafu mikoko.r00, mikoko.r01. Programu ya 7-Zip inaandika mikoko.7z.001, mikoko.7z.002. Zipu iliyokatwa ni ya kinyume kidogo: kuna mikoko.z01, mikoko.z02, na ile yenye mkia wa zip ndiyo ya mwisho, si ya kwanza. Ndani yake ndiko kuna orodha ya kila kilichomo. Ukiletewa z01 hadi z07 bila ile zip, huna hata orodha ya kusoma.

Kuzifungua si kazi. Weka vipande vyote folda moja, usibadilishe majina, fungua cha kwanza tu (kwa zipu, ile yenye mkia wa zip), programu itavifuata vingine yenyewe. Usivifungue kimoja kimoja. Wapo wanaobofya part1, wakimaliza wanabofya part2, wakipata ujumbe wa makosa wanafuta kila kitu na kupakua upya, bando linaisha bure.

Majina yanaharibika kirahisi kuliko unavyodhani. Ukipakua part2 mara mbili, kivinjari kinaiita part2 (1) na mnyororo unakatika. WhatsApp kwenye baadhi ya simu imekuwa ikilipa faili jina jipya lenye DOC na WA, jina la mwanzo linapotea. Hapo itabidi umuulize aliyetuma kipande kipi ni kipi, au ulinganishe ukubwa na alama ya faili ambayo nitaieleza hapa chini.

Kuna siri moja nzuri ya vipande vya 7-Zip: ni mkate uliokatwa tu kwa kisu, hakuna kilichoongezwa katikati. Ukikosa programu, kwenye Windows unaweza kuviunga kwa amri ya copy /b mikoko.7z.001+mikoko.7z.002 mikoko.7z. Usijaribu hivyo kwa RAR. Kila kipande cha RAR kina kichwa chake, kinachosema mimi ni sehemu ya ngapi. Ukivigundisha tu utapata uji.

Jambo jingine dogo linalosumbua: nafasi. Kufungua GB 30 kunataka GB 30 nyingine za kuweka kinachotoka, kwa hiyo andaa 60. Na kama ndani kuna video moja ya GB 6 nawe unafungulia kwenye flashi ya FAT32, itakwama kila mara utakapojaribu.

Utajuaje kipande ni kizima?

Turudi kwenye bahasha ya kaki. Tulipovinakili vipande vinane kwenye kompyuta, ukubwa wa part6 ulikuwa sawasawa na wenzake. Tukafurahi. Tulipoanza kufungua, programu ikafika katikati ya kipande hicho na kusema cheksamu haikubaliani.

Nadhani mnaweza kukisia kilichotokea. Part6 ilikuwa ya mwisho kunakiliwa kwenye flashi ya pili, na flashi ilichomolewa mapema, bila ile hatua ya kuiondoa salama. Windows ikianza kunakili huwa inatenga nafasi nzima kwanza, ndiyo maana ukubwa ulionekana kamili. Ndani, kuanzia katikati, hakukuwa na picha tena.

Ukubwa si ushahidi. Ushahidi ni hesabu. Ndani ya zipu na RAR kila faili linaambatana na namba ya ukaguzi, mara nyingi CRC32, inayopatikana kwa kuzipitisha baiti zote kwenye hesabu maalumu. Programu ikifungua inairudia hesabu. Namba zikitofautiana, kuna kilichoharibika. Uwezekano wa uharibifu wa bahati mbaya kupita bila kuonekana ni kama mara moja katika bilioni 4.3.

Lakini CRC32 inagundua ajali, haimgundui mwizi. Mtu anayejua anachofanya anaweza kubadilisha faili na kuirekebisha namba. Kwa hilo tunatumia SHA-256, inayotoa mstari wa herufi na tarakimu 64. Badilisha biti moja tu kwenye faili la GB 3.9 na mstari mzima unakuwa mwingine. Kwenye Windows fungua dirisha la amri uandike certutil -hashfile mikoko.part6.rar SHA256, kwenye Linux ni sha256sum. Anayetuma anaandika mistari yake, anayepokea anapiga hesabu upya, mnalinganisha. Mistari hiyo itumwe kwa njia nyingine, kwa ujumbe wa simu mathalani, kwa sababu ukiiweka ndani ya flashi ileile, aliyebadilisha faili ataibadilisha na mistari.

Rafiki yetu angeifanya hesabu hiyo juu ya flashi yenyewe, baada ya kuichomoa na kuirudisha, angegundua palepale Kilwa Masoko. Dakika chache tu.

Kipande cha akiba

Kuna kinga nzuri zaidi ambayo sielewi kwa nini haitumiki sana. Chukua namba tatu: 7, 4, 9. Andika na jumla yake, 20. Sasa mtu akiiba ile 4, unaipata kwa kutoa: 20 toa 7 toa 9. Umebeba mzigo mmoja wa ziada, na mzigo wowote mmoja ukipotea unaurudisha. Hesabu ya kweli, iliyoanzishwa na Irving Reed na Gustave Solomon mwaka 1960, ni ngumu kidogo kuliko kujumlisha lakini wazo ndilo hilo. Ndiyo inayoiwezesha CD iliyokwaruzika kuendelea kuimba.

Ukitengeneza RAR unaweza kuomba vipande vya akiba vyenye mkia wa rev. Kwa mafaili ya aina nyingine kuna PAR2. Kipande kimoja tu cha rev, GB 3.9 za ziada, kingeziokoa picha zote za mikoko. Kulikuwa na nafasi, maana flashi ya tatu ilikuwa na vipande viwili tu.

Wakati unaunda, kuna pia kisanduku cha kuchagua kubana kwa mkupuo mmoja, yaani mafaili yote yanachukuliwa kama mlolongo mmoja mrefu. Kwa maandishi hupunguza ukubwa vizuri. Kwa picha haisaidii, na ni hatari: kipande kikiharibika, kila kitu baada yake kinakwenda na maji, kwa sababu vidokezo vya "rudi nyuma" vinarudi mahali pasipokuwepo. Kwa 7z ndiyo hali ya kawaida isipokuwa uizime.

Na vipi kama mzigo si wako?

Mpaka hapa nimezungumzia ajali. Sasa watu wabaya.

Faili lililobanwa ni sanduku lenye kifuniko, na kifuniko ni kizuri kwa anayeficha. Likiwa na nywila, antivairasi haioni kilichomo mpaka ulifungue. Kwa hiyo ukipakua programu "ya bure" yenye vipande sita, na maelekezo yanakwambia uzime antivairasi kwanza, au nywila unaipata baada ya kujaza dodoso au kushusha programu nyingine, acha. Hakuna data halali inayohitaji ulinzi wako uzimwe.

Angalia mikia ya majina baada ya kufungua. Windows kwa kawaida inaficha mkia, kwa hiyo faili la matokeo.pdf.exe unaliona kama matokeo.pdf. Nenda kwenye mipangilio ya folda uruhusu mikia ionekane. Ni jambo la kufanya leo, si kesho. Ukitarajia picha ukakuta exe, scr, bat, js au lnk, usibofye. Ni kweli kuna vipande halali vyenye mkia wa exe vinavyojifungua vyenyewe, lakini hata hivyo vifungue ukiwa ndani ya 7-Zip au WinRAR badala ya kuviendesha.

Programu ya kufungulia nayo ni mlango. Mwaka 2023 iligundulika kasoro kwenye WinRAR ambapo mtu akibofya picha au waraka ndani ya sanduku, programu nyingine iliyofichwa inaendeshwa. Wahalifu walikuwa wakiitumia tangu Aprili. Marekebisho yalitoka Agosti, kwenye toleo la 6.23. Mwaka 2025 ikapatikana nyingine, iliyoruhusu faili kutua nje ya folda uliyochagua, ikarekebishwa kwenye toleo la 7.13. Tatizo ni kwamba WinRAR haijisasishi yenyewe. Kompyuta nyingi za maabara na steshenari nilizozikuta bado zina matoleo ya miaka mingi nyuma. Fungua sehemu ya "kuhusu" uangalie namba ya toleo.

Kuna na mzaha mbaya uitwao bomu la zipu: faili maarufu la 42.zip lina KB 42 tu, lakini likifunguliwa tabaka zote linafikia petabaiti 4.5. Antivairasi za leo nyingi zinalitambua. Njia rahisi ni kuangalia orodha ya kilichomo na ukubwa wake kabla ya kubofya "fungua".

Upande wa pili wa nywila: ukisafirisha kwa basi data zenye majina ya watu, mahojiano, matokeo ya vipimo, basi weka nywila ndefu na uchague usimbaji wa AES-256, na uisimbe hata orodha ya majina ya mafaili. Tangu Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 hilo si hiari ya adabu tu. Nywila usiiandike kwenye bahasha.

Tulichookoa

Bahati ilikuwa kwamba rafiki yetu hakuchagua mkupuo mmoja. Tulifungua kuanzia part1, tukaiambia programu isitupe mafaili yaliyoharibika, ikafika katikati ya part6 ikakwama. Tukaanza tena kwa part7, ikalalamika kuhusu picha moja iliyokatwa mpakani, halafu ikaendelea hadi mwisho wa part8. Kati ya picha 3,400 tulipoteza mia mbili na kitu.

Tulijaribu na memori kadi. Kufuta hakuondoi data mara moja, huondoa tu orodha. Programu kama PhotoRec inaweza kuzifufua picha mradi hakuna kilichoandikwa juu yake. Lakini kadi ilikuwa imeshapiga siku tatu za picha za baada ya kimbunga. Tukapata kumi na tisa.

Zilizopotea zilikuwa za ukanda mmoja wa mikoko ulioelekea bahari kuu, upande uliopigwa na mawimbi kuliko mwingine. Kwenye tasnifu yake, ramani ya mabadiliko ina mstatili mweupe hapo, na chini yake maneno mawili: hakuna data. Mwezi uliofuata alirudi Kilwa akiwa na diski kuu mbili na flashi moja ya akiba, na memori kadi haifutwi tena mpaka mtu wa Dar atume mistari yake ya SHA-256 na ilingane yote.